The Visitors ya ABBA: albamu niliyolazimika kuinunua mara mbili

Nilinunua The Visitors kwa sababu ya saa. Rafiki yangu alinisimulia kwamba albamu hii inaishia kwa mlio wa saa, tik tak, huku mwanamke mmoja akiimba peke yake bila ngoma wala kwaya. Mimi ABBA, kundi la wanne kutoka Uswidi, nilikuwa nawajua kwa nyimbo za kucheza tu. Sikuamini mpaka nisikie mwenyewe.

CD niliyopata mwanzo ilikuwa ya mkono wa pili. Muuzaji alihakikisha haina hata alama. Ilipofika wimbo wa tisa, Like an Angel Passing Through My Room, sauti ya Frida, mmoja wa waimbaji wawili wa kike wa kundi, ikaanza kukatika, na mara mbili za kwanza nilidhani ndiyo saa yenyewe. Nikaitoa, nikaigeuzageuza chini ya taa, nikaona mkwaruzo mwembamba kama unywele, mbali kidogo na katikati. CD husomwa kuanzia katikati kwenda nje, kwa hiyo mkwaruzo ule ulikaa palepale penye wimbo niliouhitaji. Muuzaji hakujibu ujumbe wangu hata mmoja. Nikatafuta nyingine, nzima, na sijutii hela niliyotoa.

Albamu ilitoka tarehe 30 Novemba 1981. Kundi lilikuwa la wanandoa wawili: ndoa ya Björn na Agnetha ilikuwa imeshavunjika, na Februari mwaka huohuo Benny na Frida nao wakatangaza kwamba wanaachana. Bado wote wanne waliendelea kukutana kwenye studio yao ya Polar, Stockholm, wakaimba. Fikiria hilo kabla hujabonyeza kitufe. When All Is Said and Done, Björn aliuandika akiwa na kuachana kwa Benny na Frida akilini, na anayeuimba ni Frida mwenyewe. Hasikiki kama mtu anayeomba kuhurumiwa. Anaimba amesimama wima, na mdundo unakwenda mbele kama mtu aliyekwisha kata shauri.

Hata jalada linasema. Picha ilipigwa ndani ya karakana ya mchoraji Julius Kronberg iliyoko Skansen, makumbusho ya wazi hapohapo Stockholm. Mwanga ni mwekundu uliofifia, nyuma yao kuna mchoro mkubwa wa Eros, mungu wa mapenzi wa Wagiriki, na kila mmoja yuko kona yake. Hakuna anayemtazama mwenzake. Kundi lililozoea kusimama bega kwa bega!

Sasa nije kwenye jambo linaloniuma: watu husema albamu hii ilianguka sokoni. Haikuanguka. Ilishika namba moja Uswidi na Ujerumani Magharibi, na Uingereza ilikaa kileleni wiki tatu. Ni kweli kwamba Super Trouper, albamu yao ya mwaka wa nyuma yake, ilikaa pale wiki tisa, na kwamba Marekani The Visitors iliishia namba 29. Palipoyumba hasa ni kwenye singo, yaani nyimbo zinazouzwa mojamoja. One of Us ilifika namba tatu Uingereza, lakini iliyofuata, Head over Heels, ikagota namba 25. Tangu 1975 walikuwa hawajawahi kutoa singo ikakosa kumi bora kule. Na tusisahau kwamba ziara yao ya mwisho ilikuwa Japani, Machi 1980. Albamu hii haikuzungushwa jukwaani hata siku moja. Kwa wanne waliokuwa wakiachana, wenye nyimbo za hofu na upweke, wiki tatu kileleni ni ushindi, wala sioni kwa nini ziitwe kitu kingine.

Kuhusu mlio wenyewe, vaa hedifoni nzuri. Fundi wao Michael Tretow alikuwa ndiyo kwanza ameanza kutumia mashine ya kidijitali ya 3M yenye njia 32, na utaona kwamba kati ya noti na noti pametulia kabisa, hapana ule mvumo wa kanda. Wengine wanaona ni baridi mno. Mimi naona baridi hiyo inaufaa wimbo unaobeba jina la albamu, wa mtu aliyejifungia ndani anayesikia hodi mlangoni na kujua waliokuja si wageni wa heri. Ukiwajua wapinzani wa serikali ya Kisovieti wa miaka ile, utaelewa hodi hiyo ni ya nani: polisi wa siri. Agosti 1982 albamu hii ikawa miongoni mwa CD za kwanza kabisa kutengenezwa kiwandani kwa ajili ya kuuzwa, huko Langenhagen, Ujerumani. Kwa hiyo kuisikiliza kwenye CD si kuikosea heshima santuri.

Slipping Through My Fingers siwezi kuusikiliza nikiwa na kazi mkononi. Mtoto anatoka asubuhi na mkoba wake wa shule, anapunga mkono, anatabasamu mawazo yakiwa mbali, na mama anabaki amekaa. Hakuna zaidi ya hapo. Björn aliuandika kwa ajili ya binti yao, Linda, na anayeimba ni mama yake mwenyewe, Agnetha. Kwenye sehemu ya pili anashusha sauti kidogo, kama mtu anayejizuia, na hapo huwa naweka chini nilichoshika.

Two for the Price of One mimi huuruka. Ni hadithi ya kuchekesha iliyoingia chumba kisicho chake.

Ukinunua, angalia toleo. Matoleo ya baadaye yameongezewa nyimbo za 1982, kama The Day Before You Came na Under Attack. The Day Before You Came ni wimbo mkubwa, usiukose, lakini usikilize siku nyingine. Lile la 2012 lina pia majaribio ya Like an Angel yaliyounganishwa pamoja, unasikia wimbo ukitafuta umbo lake, na kwa hilo pekee nalipendekeza. Ila mara ya kwanza, zima mashine baada ya wimbo wa tisa. Frida anamaliza, saa inaendelea kidogo peke yake, halafu nayo inapotea. Kwa wasikilizaji wa wakati ule, albamu mpya iliyofuata ilikuja Novemba 2021, miaka 40 baadaye.