Jicho Pevu: nimerudia zile za zamani, haya ndo maoni yangu

Wiki nzima usiku namaliza bando YouTube kurudia Jicho Pevu, zile kazi za upekuzi za Mohammed Ali (Moha) alipokuwa kituo cha TV cha KTN hapa Kenya. Bado tamu wallahi, ila si zote zimezeeka vizuri.

Enzi zile ikianza, huku kwetu Kongowea, Mombasa, hata muuza kahawa aliacha kugonga vikombe. Sababu ni Kiswahili. Tulikuwa tumezoea upekuzi wa maana ni wa Kiingereza, nyanya yangu auliza "wasemaje hao?", ukija kumaliza kumtafsiria kipindi kishakwisha. Moha akaja na ile sauti yake ya kukokota maneno na mafumbo juu, nyanya akawa afahamu mwenyewe na kuwatukana waheshimiwa kabla yetu sisi.

Kwangu mimi namba moja ni Paruwanja la Mihadarati. Kwa mtu wa Pwani hiyo si stori ya mbali, unga umemaliza vijana tuliocheza nao mpira na kila maskani ina teja wake, sasa TV tulizoea waje wampige picha teja amelala kando ya mtaro halafu waende zao, huyu akaacha teja akauliza mzigo ni wa nani. Sikwambii tulivyonyamaza.

Halafu ile ya shambulizi la magaidi Westgate, Nairobi, 2013, aliyofanya na mwandishi mwenzake John-Allan Namu, zile picha za kamera za ndani ya mall zenye wanajeshi, mpaka mkuu wa polisi akatishia kuwakamata waandishi. Hapo picha zenyewe zatosha.

Kwingine sasa, mziki! Aonyesha faili tu mezani, ngoma zalia kama jini latoka kisimani. Na ile tabia ya kukupandisha mpaka juu halafu "usikose sehemu ya pili", na hiyo ya pili uitafute weee, ukiipata imekatwa nusu.

2017 akaingia bunge kama mgombea huru, mbunge wetu hapa Nyali, 2022 akarudi na chama cha UDA. Kura yangu nilimpa nani ni siri yangu. Lakini wabunge tunao wengi, mtu wa kumfanya nyanya asogeze kiti karibu na TV sijamuona tena.

Nyota 4 kwa 5. Anza mapema, mie nilianza saa nne usiku nikashtukia adhana ya alfajiri.