Mashine ya kutotolesha mayai 56, kwa darasa la baiolojia

Mashine hii niliinunua soko la Mwanjelwa, Mbeya, mwezi Mei kwa shilingi 180,000, si kwa biashara, bali ili wanafunzi wangu wa kidato cha sita waone jinsi badiliko dogo ndani ya kiinitete linavyoweza kuleta umbo jipya la mnyama. Tulipanga mayai 24 ya matetea wa kishingo (kuku wasio na manyoya shingoni) waliopandwa na jogoo wa kawaida.

Taa ya kumulikia mayai ndiyo iliyonifurahisha zaidi. Siku ya nne, tulipofunga mapazia, yai lilionyesha mishipa ya damu iliyotanda kama utando wa buibui, na nukta nyeusi ya jicho pembeni yake. Yai moja lililokufa katika wiki ya pili tulilipasua, tukakuta vipele vya manyoya vimejipanga mistari mgongoni na mapajani, ilhali shingo ilikuwa laini kabisa. Kumbe kishingo hanyonyoki. Manyoya hukosa kuota tangu yaini. Kipande cha kromosomu nyingine kilichojichomeka karibu na jeni ya BMP12 huifanya itoe protini nyingi kupita kawaida ngozini, nayo protini hiyo huzuia vipele hivyo. Watafiti wa Edinburgh walioeleza jambo hili mwaka 2011 walionyesha pia kwamba ngozi ya shingo hutengeneza asidi ya retinoiki (kemikali itokanayo na vitamini A), ambayo huiongezea wepesi wa kuathiriwa na zuio hilo kuliko ngozi ya mgongo. Protini yenyewe ni ileile. Kilichobadilika ni kiasi chake, na kuku akapata umbo linalomfaa kwenye joto. (Kwa baridi ya Mbeya ya mwezi Julai, namhurumia.)

Kasoro ya kwanza ya mashine ni kipimajoto: kilisoma nyuzi 37.8 wakati kile cha maabara kilisoma 36.9, na vifaranga wakachelewa hadi siku ya 22. Muuzaji alikataa kukibadilisha, akidai baridi ya huku ndiyo yenye makosa. Tena haina betri, hivyo umeme ulipokatika usiku tuliifunika kwa blanketi. Anayetaka kutotolesha kwa biashara atafute nyingine. Kwa darasa, inatosha.

Walitoka vifaranga 15. Saba ni kishingo, na kila mmoja wao ana kishada cha manyoya mbele ya shingo, dalili kwamba alirithi nakala moja tu ya badiliko hilo, ile ya mama.