Pazia la wakati kwenye fremu yangu Kariakoo: linazuia, ila halichagui

Nina fremu ya kanga na vitenge Kariakoo, upande wa Msimbazi, chini ya ghorofa jipya. Wenye maduka ya chini tunaijua shida hii: tangu waanze kuchimba mashimo marefu ya misingi, tabaka za zamani zinavuja. Walioko ghorofa ya nne hawasumbuki, maana huko juu enzi hizo kulikuwa na hewa tu na vilele vya minazi. Sisi wa chini ndio tunaopokea wageni kutoka enzi hizo.

Si watu wabaya. Shida ni biashara. Mama anaingia, anachagua doti mbili, anapatana bei vizuri kabisa, halafu anatoa noti ya shilingi ishirini ya mwaka 1966. Utamwambiaje haitumiki, na sura ya Mwalimu iko pale pale? Wengine wanatoka kwenye foleni za sukari za mwanzoni mwa miaka ya 80. Wakiona rafu zimejaa wanashtuka, wananiuliza kwa kunong'ona mzigo umepitia wapi. Ukikumbuka msako wa wahujumu uchumi wa 1983, huwezi kuwacheka.

Basi nikanunua kizuizi cha nishati, hiki ambacho mtaani wote tunakiita pazia. Ni boksi la ukubwa wa betri ya gari, na nguzo nne fupi za chuma zinazofungwa kwenye pembe za duka. Fundi alimaliza kabla ya adhuhuri. Alisisitiza waya wa ethi uzamishwe ardhini kwelikweli, na hapo nakubaliana naye: jirani aliyeunganisha kwenye bomba la maji anapata maji yenye ladha ya kutu ya kikoloni.

Lina ngazi tatu: chini, kati na juu. Ya chini ni kama huna kitu, nairuka.

Ya kati ndiyo ninayotumia. Wageni wanaonekana na wanasikika, ila hawavuki wala hawagusi mzigo. Tabaka la chini kabisa kwangu ni la wapagazi wa Carrier Corps, wale wa Vita Kuu ya Kwanza waliotuachia jina la Kariakoo. Zamani walikuwa wanapita katikati ya marobota yangu, mizigo kichwani, na vitenge vinabaki na vumbi jekundu. Sasa wanazunguka. Kikohozi chao lakini kinapenya, hasa alfajiri, na hakuna ngazi iliyokizima. Fundi anasema sauti ni mawimbi na mawimbi yana njia zake. Mimi naona hajui.

Jambo ambalo halimo kwenye karatasi ya maelekezo ni adabu. Juzi alisimama mlangoni kijana wa kanzu na kofia ya kiua, nguo zake zimenyooshwa kwa pasi ya mkaa, mkunjo unaonekana. Alikuwa anatoka Lumumba, yeye akiita New Street, na alikuwa na furaha ya mtu aliyetoka mkutanoni. Nikakisia ni 1954, mwaka TANU ilipoundwa. Kuona mvi zangu, akainama: "Shikamoo mama." Marahaba ikanikwama. Kwa hesabu huyo ni rika la babu yangu! Nikamwambia shikamoo mimi. Akakataa kuipokea, akaona namdhihaki. Tukabaki tunaamkiana pale, hakuna wa kuitikia, mpaka mteja wa leo akaniuliza, "Mama, unaongea na nani?"

Ngazi ya juu siipendekezi kwa mfanyabiashara yeyote. Ni kweli inazima kila kitu, hata vumbi. Lakini inabana mpaka tabaka za karibu, na simu inachelewa. Mteja analipa kwa simu, kwake muamala umekamilika, kwangu ujumbe unaingia akiwa ameshafika Mnazi Mmoja. Fundi alinieleza hili vizuri, nampa haki yake: mitandao inaishi kwa saa zinazokubaliana. Saa za setilaiti za GPS huko angani zinakwenda mbele ya zetu kwa mikrosekunde 38 hivi kila siku, kama hesabu za Einstein zinavyotaka, na zisiporekebishwa ramani ya simu inakupoteza kilomita nyingi ndani ya siku moja. Sasa kama kiasi hicho kinavuruga ramani, pazia lililobanwa hadi juu halitaiacha miamala yangu salama.

Umeme: linakula. Si kama friji ya soda, ila uniti za LUKU utaziona zinashuka. Umeme ukikatika pazia linashuka papo hapo, na wageni wanaingia wote kwa mpigo, maana walikuwa wamepanga foleni. Muuzaji aliniahidi betri ya akiba ndani ya bei. Haikuwemo. Nilipompigia alisema hiyo ni ya toleo lijalo, na toleo lijalo, kwa kifaa cha aina hii, sijui niliulize upande gani.

Si kila mtu analihitaji. Ukiwa na kiwanja kipya nje ya mji, tabaka zako ni mikorosho na ngedere, weka seng'enge tu inatosha. Na wapo wasiolitaka kabisa. Jirani yangu, Simba damu, amelizima lake kwa hiari. Kila jioni anaweka kiti barazani kubishana na mashabiki wa kabla ya 1971 ambao bado wanaiita timu Sunderland, na anawatajia matokeo ya mechi ambazo hazijachezwa. Wameanza kumwekea dau.

Nyota tatu kati ya tano. Ukinunua, dai betri mkononi kabla ya kulipa, na mwambie fundi aziweke nguzo za mbele ndani ya mlango, si nje, la sivyo barabara nzima itakuwa yako kuizuia na LUKU ni yako peke yako.