SFC ya Windows: uwezo wake na mipaka yake pale faili ya DLL inapokosekana

Mtu akiona ujumbe kwamba programu haiwezi kuanza kwa sababu VCRUNTIME140.dll haipatikani, ushauri wa kwanza anaoupata mara nyingi ni kuendesha SFC, kikaguzi cha faili za mfumo kilichomo tayari ndani ya Windows. Chombo hiki ni cha bure, hakihitaji kupakuliwa, na kwa kazi yake halisi nakipa alama za juu. Lakini kinapendekezwa pia kwa matatizo yasiyokihusu, na hapo ndipo watumiaji wanapopoteza muda wao.

DLL ni maktaba ya msimbo inayotumiwa na programu nyingi kwa pamoja, ili kila programu isilazimike kubeba nakala yake ya kazi zilezile. Programu inapofunguliwa, Windows husoma orodha ya maktaba ambazo lazima ziwepo, kisha kwa kawaida huanza kuzitafuta katika folda ya programu yenyewe, huendelea katika folda za mfumo, na humalizia katika folda zilizotajwa kwenye PATH, yaani orodha ya folda za ziada ambazo Windows huzipitia. Ikikosekana hata moja, programu haianzi.

SFC huendeshwa kwa kuandika sfc /scannow katika dirisha la amri lililofunguliwa kwa mamlaka ya msimamizi. Hukagua faili za Windows zinazolindwa, na iliyoharibika au kutoweka huirudisha kutoka kwenye hifadhi ya nakala iliyo katika folda ya WinSxS. Hifadhi hiyo nayo ikiwa imeharibika, SFC itasema imeona kasoro lakini imeshindwa kuzirekebisha zote. Hapo huhitajika DISM, chombo kingine kilichomo ndani ya Windows, kwa amri ya DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth, ambayo hutengeneza hifadhi kwa kuchukua faili safi kupitia Windows Update, ndiyo maana kompyuta inapaswa kuwa na intaneti. Kisha SFC huendeshwa tena. Asilimia ya kazi inayoonyeshwa kwenye dirisha inaweza kusimama mahali pamoja kwa muda mrefu, na dirisha lisifungwe kwa kudhani kwamba kazi imekwama. Kasoro kubwa ninayoiona ni taarifa ya mwisho: haitaji faili hata moja kwa jina, bali humwelekeza mtumiaji kwenye CBS.log, faili ndefu ambayo mtu asiye fundi hawezi kuisoma kwa urahisi.

Mpaka wa SFC ni kwamba inashughulikia faili za Windows yenyewe tu. VCRUNTIME140.dll na MSVCP140.dll ni za kifurushi cha Visual C++ Redistributable kinachohudumia programu zilizojengwa kwa Visual Studio, chombo cha Microsoft cha kutengenezea programu, ya 2015 na za baadaye, kwa hiyo SFC itamaliza ukaguzi, itasema kwa haki kabisa kwamba mfumo ni mzima, na programu bado haitafunguka. Dawa ni kusakinisha kifurushi hicho kutoka tovuti ya Microsoft. MSVCR100.dll hudai kifurushi cha 2010 na MSVCR120.dll hudai cha 2013, kwa sababu kipya hakichukui nafasi ya hivyo vya zamani. Michezo ya zamani inayodai d3dx9_43.dll huhitaji maktaba za Juni 2010 za DirectX, mfumo wa Microsoft wa michoro na sauti za michezo, hata kama kompyuta ina DirectX mpya zaidi.

Kwenye Windows ya biti 64 ni vyema kusakinisha vifurushi vyote viwili vya Visual C++, cha x86 (biti 32) na cha x64 (biti 64), kwani programu ya biti 32 haiwezi kutumia maktaba ya biti 64. Majina ya folda yanapotosha kweli hapa: System32 ndiyo yenye maktaba za biti 64, na SysWOW64 ndiyo yenye za biti 32. Anayenakili faili kwa mkono na kuiweka pasipo pake anaweza kuishia na kosa la 0xc000007b badala ya lile la mwanzo.

Tovuti zinazogawa DLL mojamoja sizipendekezi kwa hali yoyote. Maktaba ikishapakiwa hufanya kazi ndani ya programu kwa mamlaka yote ya programu hiyo, na anayeipakua hapo hana uhakika wa toleo lake wala wa aliyeigusa kabla yake. Amri ya regsvr32 nayo husajili aina fulani tu za maktaba ambazo tayari zipo, haileti iliyokosekana. Ikiwa faili ni ya programu yenyewe, kwanza itazamwe kama programu ya kuzuia virusi imeitenga, kisha programu isakinishwe upya.

Kwa Windows inayoyumba baada ya diski kujaa hitilafu au umeme kukatika katikati ya sasisho, SFC pamoja na DISM ndivyo vyombo ninavyoanza navyo kabla ya kufikiria kusakinisha mfumo upya. Ningefurahi zaidi kama SFC ingeorodhesha kwenye skrini faili ilizozirekebisha na zile ilizoshindwa, na kama ujumbe wa DLL iliyokosekana ungetaja kifurushi chake badala ya jina la faili peke yake.