Tathmini: Zana za Kuamilisha Windows Bila Leseni

Zana niliyoijaribu, ambayo siitaji jina nisije nikaitangaza, huahidi kuamilisha Windows na Office (yaani kuzifanya zijione zina leseni) "milele" kwa kubofya kitufe kimoja. Niliiendesha ndani ya mashine pepe (kompyuta ya kuigizwa ndani ya kompyuta halisi) iliyotengwa na mtandao, na yale maandishi ya kudai uamilishaji kwenye kona ya skrini yakatoweka kweli. Hiyo "milele" ndiyo isiyokuwepo.

Zana za aina hii huiga KMS (Key Management Service), utaratibu wa kuamilisha kompyuta nyingi ambao Microsoft iliuweka kwa ajili ya mashirika. Kwa njia halali, kompyuta huomba kibali kwa seva ya shirika, na seva hiyo haitoi kibali cha Windows za mezani mpaka iombwe na kompyuta zisizopungua 25. Kibali hudumu siku 180, na kompyuta hujaribu kukihuisha kila baada ya siku 7. Zana huweka seva bandia ndani ya kompyuta yako pamoja na kazi iliyoratibiwa ya kuhuisha kibali hicho, kwa hiyo haiwezi kumaliza shughuli ikaondoka: lazima ibaki humo, tena ikiwa na mamlaka ya msimamizi.

Kilichonikera zaidi ni maelekezo yake: faili lililobanwa hufunguliwa kwa nywila, hivyo antivairasi haioni kilichomo, kisha unaambiwa uzime Defender, antivairasi ya Windows yenyewe, kwa sababu eti tahadhari zake ni za uongo. Ni kweli kwamba Defender hulalamikia zana hizi hata zisipobeba kirusi, ila aliyekwisha kuzima ulinzi atatofautishaje? Mwaka 2021 kampuni ya usalama wa kompyuta ya Red Canary ilieleza jinsi visakinishi bandia vya KMSPico, mojawapo ya zana hizi, vilivyopandikiza CryptBot, programu inayoiba nywila za kwenye vivinjari na pochi za sarafu za kidijitali. KMSPico nayo ilisakinishwa, ili mwathirika asishtuke.

Siipendekezi hata kwa kompyuta ya mazoezi, ilhali Windows isiyoamilishwa huendelea kufanya kazi, ikikunyima tu mambo kama kubadilisha mandhari, na LibreOffice, inayoweza kutumika badala ya Office, ni ya bure. Aliyekwisha kuitumia asakinishe Windows upya kutoka kwa Microsoft, kisha abadilishe nywila zake akitumia kifaa kingine.