Kovu la moto mkononi: T95.2 au T23 yenye S?

Kijana wa Kongwa yuko kliniki Dodoma mjini, vidole vya mkono wa kulia vimekunjwa na kovu. Uji wa moto ulimmwagikia miaka sita iliyopita. Sisi wa chumba cha kumbukumbu tunaanza ubishi, tuandike msimbo gani: T95.2 (madhara yaliyobaki ya kuungua kiungo cha juu) ya ICD-10, orodha ya misimbo ya magonjwa ya Shirika la Afya Duniani, au T23 (kuungua mkono) yenye S mwishoni, yaani madhara yaliyobaki, ya toleo la Marekani, ICD-10-CM?

Kwenye jambo moja hatugombani. Tatizo la leo, yaani kovu, msimbo L90.5, hutangulia, chanzo hufuata. Ukiandika T23 tupu umesema kaungua juzi. Nimewahi kulikosea hilo.

Kwa undani, T23 inaiacha T95.2 mbali. T23.301S inataja mkono wa kulia na kuungua kwa daraja la 3. T95.2 inachanganya kiungo chote cha juu, kulia na kushoto, hata madhara ya barafu, ambayo Dodoma hatuna.

Ila undani unadai faili nzuri. Nyingi zimeandikwa "aliungua", basi. Hapo T95.2 ni salama zaidi, kwani haikulazimishi kubuni daraja. Kwenda na mabadiliko nako ni kazi: toleo la Marekani hubadilishwa kila mwaka, Oktoba.

Takwimu za nchi zikikusubiri, T95.2 inatosha, na uandike "kulia" kwa maneno pembeni. Bima au utafiti wa Kimarekani ukihusika, na daktari kaandika daraja, nenda na S.