Tulivyompa mtengeneza filamu huru ngoma yetu ya Bujora: uzoefu wangu

Mimi ni katibu wa kikundi cha ngoma cha Wagika, na ndiye niliyetafuta mtu wa kutupiga filamu kwenye Bulabo, sikukuu ya ngoma za Wasukuma, pale Bujora, Kisesa, jirani na Mwanza. Miaka ya nyuma tulichukua wapiga video wa harusi. Picha zao zinang'aa, lakini ukizitazama huwezi kujua nani alishinda.

Kwa desturi yetu Wagalu na Wagika, pande mbili pinzani za ngoma za Kisukuma, hucheza kwa wakati mmoja, uwanja mmoja, na upande utakaovuta umati mkubwa ndio mshindi. Ushindani huu umetoka kwa Ngika na Gumha, waganga wa karne ya 19. Sasa mtu akibana kamera kwenye miguu ya wachezaji tu, matokeo yenyewe yamempita.

Huyu kijana hana kampuni wala mfadhili. Tulisikia habari zake kwa sababu amekuwa akifuatilia vijana wa rap na wacheza sarakasi wa Mabatini na Kirumba, mitaa ya Mwanza. Alikuja kwanza mazoezini mikono mitupu, akakaa na manju, yaani mtunzi na kiongozi wa nyimbo zetu, akauliza nyimbo zinamsema nani na chatu tunayecheza naye hutolewa saa ngapi. Siku ya ngoma aliweka kamera moja juu ya lori ikichukua uwanja mzima, na yeye akaingia kati ya wachezaji na nyingine. Ndiyo maana kwenye filamu unaona watu wanaanza kumegeka kwenda kwa Wagalu, wengine wanasita katikati, halafu chatu anapoinuliwa wanatukimbilia sisi vumbi likitimka. Nimekitazama kipande hicho mara nyingi na bado nasisimka.

Sauti pia aliifanyia kazi. Ngoma zetu kubwa hupasua maiki ya kamera ukabaki kusikia mkwaruzo. Yeye alimbandika manju maiki ndogo kifuani, kinasa sauti kingine akakiweka mbali na ngoma, akaja kuviunganisha baadaye. Maneno yote yanasikika, na kwetu maneno ndiyo mkuki wa manju.

Kilichonigusa zaidi ni suala la dawa. Dawa za kuvuta watu hazionyeshwi ovyo. Aliomba kuzipiga picha, mzee wetu akakataa, naye akazima kamera akaiweka chini. Hakujaribu hata kuchukua kwa simu.

Malalamiko ninayo. Filamu ilitufikia msimu umeshaisha, na bei yake ni juu kuliko ya mpiga video wa harusi. Kikundi kinachochangishana kinaumia. Halafu maandishi ya Kiswahili yanayopita chini ya nyimbo za Kisukuma yana kasoro: fumbo limewekwa kama taarifa ya habari, na mtu wa Dar es Salaam hataelewa mpinzani alichomwa wapi.

Kibali cha Bodi ya Filamu alikifuatilia mwenyewe. Tuliandikiana kwamba filamu ni yake, nyimbo ni zetu, na akiuza tunapata mgao. Vikundi vingine naviomba visikubali kamera bila karatasi ya namna hii. Sheria ya Hakimiliki ya 1999 inazilinda hata sanaa za jadi.

Msimu ujao tunamchukua tena, kwa sharti kwamba wakati wa kuhariri nyimbo manju awe amekaa pembeni yake.